Mstari wa Jirani

Hukumu ilianza kusomwa saa tatu na nusu asubuhi, na kufika saa nne kasorobo watu walikuwa wameshatoka nje. Kesi ya miaka miwili imekwisha kwa robo saa, kama chai ya ofisini. Msajili wa chuo cha famasia alibaki kwenye benchi la nyuma, mkoba magotini, akimtazama karani wa mahakama anavyofunga mafaili kwa utepe. Alikuwa anasubiri uchungu uje. Haukuja. Akajifinya kidole gumba kwa ukucha, akausikia ukucha, basi, hakusikia kingine.

Aliyoyasema jaji, ukiondoa yale ya kisheria ambayo hata mawakili huyasoma mara mbili, ni haya. Chuo binafsi hakiwezi kutoa cheti kikiwa peke yake. Sharti kiwe chuo kishiriki, yaani kiwe chini ya chuo kikuu kinachosimamia mitihani yake. Ushiriki huo huombwa upya kila mwaka, kabla ya siku ya mwisho iliyotangazwa. Chuo hiki kiliomba siku moja baada ya siku ya mwisho. Kwa hiyo mwaka ule hakikuwa kishiriki cha yeyote, na mtihani wa mwisho walioufanya wanafunzi wake thelathini na saba, kwa ruhusa ya muda ya mahakama, haukuwa mtihani. Matokeo yao, yaliyofungwa kwa lakiri yakisubiri kesi iishe, yarudishwe chuo kikuu ndani ya siku saba, yakafutwe.

Mmoja wa hao thelathini na saba alikuwa mtoto wa marehemu dada yake. Alimchukua akiwa na miaka minne, akamlea peke yake, na kwa udogo wake akamwita Kidonge, kabla hajajua kwamba siku moja mtoto huyo atasomea dawa.

Nje, kwenye ngazi za mahakama, Mkurugenzi wa chuo alikuwa anafoka mpaka mishipa ya shingo imemsimama. Wanafunzi walimpachika jina la Bwana Tutashinda, kwa sababu kila kesi ilipopigwa kalenda alitoka akiwaambia, "Msijali, tutashinda." Na kalenda ilipigwa mara kumi na nne. Mara jaji anaumwa, mara wakili wa chuo kikuu yuko safarini, mara faili halionekani, mara faili limeonekana lakini kurasa zake ndizo hazionekani.

"Siku moja!" alikuwa anamwambia wakili wake. "Siku moja, jamani! Watu wanachelewa harusi zao wenyewe na bado wanaozeshwa! Tukate rufaa. Tutashinda."

"Rufaa ni miaka mingine mitatu, Mkurugenzi," wakili akasema, huku anatafuta funguo za gari mfukoni. Huyo akili yake ilikuwa imeshafika kwenye kesi nyingine.

Msajili alipowapita, Mkurugenzi akamdaka mkono. "Mama Msajili, wewe ndiye uliyepeleka ile barua. Niambie leo kwa mara ya mwisho. Yule karani wa chuo kikuu hakukufungia dirisha makusudi?"

"Hakunifungia."

"Hakutumwa?"

"Hakutumwa na mtu, Mkurugenzi."

Ndilo jibu alilokuwa akilitoa miaka miwili, na mara zote lilikuwa kweli tupu. Swali lililotakiwa kufuata pale, hakuna aliyewahi kuliuliza. Mkurugenzi hakuliuliza, wakili hakuliuliza, jaji naye hakuliuliza. Mwanzoni alilala akilisubiri na kuamka akilisubiri. Baadaye akaacha hata kulisubiri, kitu ndani yake kikafa ganzi, akawa anakwenda kazini na kurudi.

Sasa sikiliza, maana penyewe ndipo hapa.

Barua ya kuomba ushiriki ilikuwa tayari wiki mbili nzima kabla ya siku ya mwisho. Aliiandika mwenyewe, nakala tatu, viambatisho vimepangwa na kutobolewa vizuri. Ilichokosa ni sahihi ya Mkurugenzi, na Mkurugenzi hakutaka kutia sahihi mpaka karatasi zenye nembo mpya zitoke kwa mchapaji. Nembo ya zamani ilikuwa na kinu cha kutwangia dawa, kimechorwa vibaya mpaka wageni wakawa wanauliza kama hapo ni mgahawa. Karatasi zikaja siku ile ile ya mwisho, saa tisa alasiri, bado zinanuka wino. Sahihi ikatiwa. Msajili akatoka mbio, bahasha kifuani, akafika chuo kikuu saa kumi na dakika kumi. Dirisha la mapokezi hufungwa saa kumi.

Karani wa dirishani, bwana mmoja mwenye kipara na miwani ya kamba, bado alikuwapo. Daftari lake lilikuwa wazi, na alikuwa ameshachora mstari mwekundu. Ndivyo ilivyo masjala: jioni karani huchora mstari mwekundu chini ya barua ya mwisho, na siku imefungwa. Kijacho baada ya hapo ni cha kesho. Lakini masjala zina siri yao, wala usiitafute kwenye kanuni za kazi, hutaiona. Juu ya ule mstari mwekundu karani huacha nafasi moja tupu, ya barua moja. Wenyewe huiita mstari wa jirani. Ni ya mwenzako wa ofisi nyingine aliyecheleweshwa na bosi wake. Akifika anahema, unamwandika hapo, unapiga muhuri ambao tarehe yake hujaigeuza bado, mnaagana. Kesho zamu yako kuchelewa, yeye atakuachia.

"Una bahati, jirani," karani alimwambia, kalamu ameshaishika. "Nafasi yako hii hapa."

Na yeye akajibu nini? Akasema, "Usiniandike hapo. Niandike kesho."

"Mama Msajili, leo ndiyo mwisho wa maombi."

"Najua. Na saa kumi imepita. Mimi nimeshamwondoa karani kazini kwa ajili ya mstari huo huo, leo niutumie mimi? Andika ya kesho, ya kwanza kabisa."

Jamani! Mtu kama huyo unatamani umshike mabega umtikise. Lakini tumtendee haki. Miaka tisa mfululizo chuo kikuu kilikuwa kinapokea barua zilizochelewa hata wiki mbili. Kinaandika onyo, kinaambatanisha na ruhusa, maisha yanaendelea. Aliona siku moja ni onyo la mistari mitatu, ataliweka kwenye faili. Tena alirudi nyumbani siku ile moyo mweupe kabisa, akamhadithia Kidonge mezani jinsi alivyomkatalia karani, na Kidonge akacheka, akasema, "Mama Mdogo, wewe hata malaika wa mlangoni utamkagua muhuri."

Mwezi uliofuata akaingia mkuu mpya wa taaluma, aliyetaka watu wajue kuwa amefika. Barua zote zilizopita siku ya mwisho zikatupwa nje, wiki mbili na siku moja kwa kipimo kimoja. Vyuo vingine vikakimbilia vyuo vikuu vingine. Bwana Tutashinda akaenda mahakamani.

Basi, hiyo ndiyo siri yake. Kidonge alikuwa ameisikia kabla haijawa siri, ikiwa bado ni kichekesho cha mezani. Ilipokuja kuwa jambo la mahakamani, msajili alisubiri mtoto akumbuke. Kidonge hakukumbuka, au kama alikumbuka hakusema. Kati ya hayo mawili, msajili hakujua lipi aliombe.

Kutoka mahakamani alikwenda moja kwa moja kwenye duka la dawa alikofanya kazi Kidonge. Kazi yenyewe ilikuwa kupanguza rafu, kupanga maboksi na kufagia. Bila cheti hakuruhusiwa kumpa mtu hata dawa ya mafua. Msajili alisimama pembeni ya mlango, maana ndani kulikuwa na mteja, mwanamke amembeba mtoto mgongoni.

"Hii nampa kijiko kimoja au viwili?" mteja alikuwa anauliza, chupa mkononi.

Kidonge aliitazama chupa, akamtazama mtoto, na msajili akaona midomo yake inacheza kidogo, anapiga hesabu ya uzito. Jibu lilikuwa limeshamfika ulimini. Akalimeza. "Ngoja nimwite mwenye cheti, mama."

Mwenye duka akatoka nyuma anafuta mdomo, akasoma karatasi ya dawa kwa kuifuatisha na kidole, akasema kijiko kimoja. Kidonge akarudi kwenye rafu zake. Ndipo alipomwona mama yake mdogo mlangoni, na hakuhitaji kuambiwa, maana mtu mwenye habari njema hasimami pembeni ya mlango.

"Tumeshindwa," msajili akasema.

"Sawa," Kidonge akasema. Akakunja kitambaa chake mara mbili, akakikunjua. "Na ile bahasha?"

"Inarudi chuo kikuu. Ndani ya siku saba."

"Wanaifanyia nini?"

"Wanafuta."

"Sawa," Kidonge akasema tena, na akaendelea kupanguza rafu ile ile aliyokuwa ameshaipanguza.

Bahasha hiyo ilikuwa na hadithi yake. Mtihani ulipokwisha kusahihishwa, mahakama iliamuru matokeo yafungwe mpaka hukumu. Chuo kikuu kikakataa hata kuyahifadhi, kwa hoja kwamba kuyahifadhi ni kukiri kuwa kinayajua. Haya, yakae wapi? Wakili mmoja akasema kwa mzaha, yakae kwa msajili wa chuo, si huyo ndiye hajui kudanganya? Mahakama nzima ikacheka, jaji akaandika. Ndivyo ilivyoletwa ofisini kwake, bahasha kubwa ya kaki yenye lakiri nyekundu, akaifungia chini kabisa ya kabati la chuma. Kila Jumatatu, kwa karibu miaka miwili, alifungua kabati, akaitazama lakiri, akaandika kwenye kidaftari: Lakiri salama. Tarehe, sahihi. Chuo kilikuwa hakina tena wanafunzi. Meza za maabara zilikuwa zimelala vumbi, mizani zimefunikwa magazeti, mlinzi anaanika nguo kwenye ngazi za ukumbi, na yeye anaandika lakiri salama.

Huwezi kuniambia hakuwahi kushawishika. Mtoto aliyelala chumba cha pili nyumbani kwake, majibu yake yalikuwa ndani ya kabati ambalo funguo zake alilala nazo chini ya mto. Lakini hakuigusa. Alishavaa sifa ya kutogusa vitu, na haikumtoka tena.

Siku ya tatu baada ya hukumu, wakiwa mezani, Kidonge alitoa fomu kwenye mfuko wa plastiki akaiweka kando ya sahani. Fomu ya kuanza mwaka wa kwanza, chuo cha famasia cha mji wa pili, kile ambacho hakikuwa na kesi na mtu.

"Mwisho wa kupokea ni Ijumaa saa sita," akasema. "Kutoka hapa ni basi la alfajiri."

"Basi jaza, mwanangu."

"Siwezi."

"Kwa nini huwezi?"

Kidonge alikuwa na tabia ya kunyoosha vitu wakati wa kufikiri. Akainyoosha fomu, akaunyoosha uma, akakinyoosha na kijiko. "Nitaanzaje upya kitu ambacho labda nimeshakimaliza? Miaka mitatu, Mama Mdogo. Nikakae na watoto nifundishwe kuhesabu vidonge kwa kijiti. Kama nilifaulu, kila siku nitakaa darasani nikisema mimi haya nilishayapita, nimenyang'anywa. Nitachukia mpaka ubao. Najijua mimi, nitaacha kabla mwaka haujaisha."

"Na kama hukufaulu?"

"Kama nilifeli, basi ni mimi. Nilifeli, narudia, kama watu wote wanavyorudia. Hilo naliweza." Akaurudisha uma ulikokuwa. "Lakini sijui. Miaka miwili sijui. Si hai si maiti. Wakishafuta, sitajua milele."

Msajili alimtazama. Alijua kwamba hapo palikuwa mahali pa kulia, au pa kumkumbatia mtoto, au pa kusema: mwanangu, ni mimi. Mdomo ulifunguka kabisa. Kilichotoka ni, "Kula, chakula kinapoa."

Ikapita siku ya nne, ya tano, ya sita. Kila asubuhi alijiambia leo napeleka, na kila jioni bahasha ikabaki kabatini. Siku ya saba, Alhamisi, hapakuwa na pa kukimbilia. Akaandika kwenye kidaftari lakiri salama kwa mara ya mwisho, ingawa haikuwa Jumatatu, akaiweka bahasha ndani ya mkoba na kwenda. Safari hii hakuchelewa. Alifika saa nane mchana, kweupe.

Karani alikuwa yule yule, ameongeza kipara na kupunguza mwili. Akamfurahia kama ndugu aliyetoka safari ndefu.

"Mama Msajili! Karibu, jirani. Pole na yaliyotokea."

"Nimeshapoa. Nimeleta ile bahasha ya mahakama."

Karani akaigeuza bahasha, akaikagua lakiri kwa kuinamisha kichwa, akatikisa kichwa kwa heshima. "Haijaguswa hata mkwaruzo. Ndiyo maana nakusema vizuri kila mahali." Kisha akafungua droo akatoa mkasi.

"Unafungua hapa?"

"Lazima nihesabu mbele yako, mama. Nikiipokea hivi hivi, kesho mtu atasema zilikuwa thelathini na sita, tutafutane. Na amri inasema zifutwe zinapopokewa. Nikizipandisha juu zikiwa nzima, wa juu watazirudisha."

Akakata. Lakiri ikavunjika vipande viwili, kimoja kikaanguka sakafuni, hakuna aliyekiokota. Akazitoa hati, karatasi thelathini na saba, akaanza kuzilaza juu ya meza moja moja, uso juu, anahesabu kwa sauti. Juu ya kila hati palikuwa na namba ya mtahiniwa, jina hapana. Namba ya Kidonge ilikuwa inaishia na ishirini na tisa. Msajili aliijua namba hiyo kuliko ya nyumba yake.

Angeweza kugeuka. Dirisha lilikuwa na upande wa pili, na huko palikuwa na ua, na mtu anamwagilia maua. Hakugeuka.

"Ishirini na saba. Ishirini na nane. Ishirini na tisa."

Daraja la kwanza. Masomo sita, hakuna hata moja lililoshuka chini ya themanini. Hesabu za dawa, somo lililomliza Kidonge mwaka mzima wa pili, tisini na sita. Na chini, pembeni, mtahini mmoja alikuwa ameandika kwa kalamu yake ya mkononi, wino wa bluu: Huyu atakuwa mfamasia mzuri sana.

Msajili aliyasoma maneno hayo mara moja. Hayakuwa mengi.

"Thelathini na saba. Zimetimia," karani akasema. Akavuta muhuri wa mpira wenye neno BATILI, akaugongesha kwenye pedi ya wino, akaanza. Alipiga bila haraka, kwa mkono wa mtu aliyezoea. Alipoifikia ya ishirini na tisa wino haukushika sawasawa, ikatoka nusu. Akaupuliza muhuri, akarudia, akaukandamiza vizuri juu ya maandishi ya bluu.

Msajili alisikia mlio. Aliuona mkono wake mwenyewe umeshika ukingo wa dirisha, na vidole vimekuwa vyeupe, akashangaa ni vya nani.

Karani akamwandikia hati ya mapokezi, akapiga tarehe, akachana nakala. Naye akiwa bado anaandika akasema, kwa sauti ya mtu anayetoa zawadi aliyoiweka siku nyingi, "Unajua, mimi ule mstari wa jirani siuachi tena. Tangu siku ile yako. Nilijisemea, kama mama huyu, siku ya mwisho kabisa, na barua mkononi, amekataa, mimi ni nani? Wafanyakazi wapya nawahadithia habari zako. Nimebadilika kwa ajili yako."

"Uache," msajili akasema.

"Naam?"

"Uwe unauacha. Ule mstari. Tafadhali, kaka yangu, uwe unawaachia watu."

Karani alimtazama juu ya miwani, kisha akaangua kicheko. Aliona ni utani, na utani kutoka kwa mama huyu ulikuwa kitu cha kuhadithia. "Haya, jirani, nenda salama," akasema, huku bado mabega yanatikisika. Msajili akaikunja nakala yake, akaiweka mkobani, akaondoka.

Alikwenda nyumbani kwa miguu. Siwezi kukuambia alipita wapi, maana mwenyewe hakujua. Alikumbuka tu kwamba mahali fulani alisimama akamsubiri fundi viatu amalize kupiga gundi, kisha akagundua kuwa hana kiatu pale. Fundi alimuuliza, "Nikusaidie nini, mama?" Akasema, "Hakuna," na kuendelea na safari.

Kidonge alikuwa amerudi mapema. Alikaa mezani, sare ya dukani hajaivua, fomu iko mbele yake, imenyooshwa sambamba na ukingo wa meza. Kalamu iko juu yake. Hakuna hata neno lililojazwa.

"Umepeleka?"

"Nimepeleka."

"Walifungua mbele yako?" Mtoto aliyelelewa na msajili anajua taratibu zote. "Lazima walihesabu."

"Walihesabu."

Kidonge aliacha kunyoosha vitu. "Basi uliiona yangu."

Miaka hamsini na tatu mwanamke huyu alikuwa hajadanganya. Si kwamba alikuwa mtakatifu. Hakuwa na kipaji hicho tu, kama wengine wasivyoweza kuimba. Aliwahi kumwambia bibi harusi kuwa gauni limembana. Dada yake akiwa kitandani pake pa mwisho alimuuliza, "Nitapona?" naye akamwambia, "Daktari amesema hapana." Kwa sifa hiyo hiyo watoto wa watu thelathini na saba walikuwa wamekaa majumbani miaka miwili.

"Niliiona," akasema.

"Nilifaulu?"

Akavuta kiti, akakaa. Alitaka macho yao yawe sawa.

"Hapana, mwanangu. Hukufaulu."

Kidonge hakusogea. "Somo gani?"

Hilo hakulitegemea. Hakujua kwamba uongo nao una viambatisho. Akatafuta kichwani, na kilichokuwamo humo ni hati moja tu, namba zake zote zimesimama wazi. "Hesabu za dawa," akasema. "Ulipata thelathini na nane."

Kidonge akajipiga paji la uso kwa kiganja, paa!

"Swali la nne! Nilijua! Nilijua mimi, lile la kupunguza makali ya dawa, nilipotoka tu nje nikajua nimegeuza juu chini!" Na akaanza kucheka. Alicheka mpaka akakilaza kichwa mezani, mabega yanapanda na kushuka, na msajili akasubiri kicheko kigeuke kilio, lakini hakikugeuka. Kilikuwa kicheko tu. Hakuwa amekisikia ndani ya nyumba ile tangu zamani. "Afadhali," Kidonge akasema, anajifuta macho kwa mkono wa sare. "Afadhali, Mama Mdogo. Wee! Miaka miwili nimenuna, nalaani watu, kumbe hata wangenipa ile bahasha siku ile ile ningerudia tu. Wewe na kesi yenu mlikuwa mnanisumbua bure."

"Tulikusumbua bure," msajili akasema.

"Kuna chakula? Nina njaa, hujui tu."

Akainuka mwenyewe, akafunua sufuria, akarudi na sahani iliyojaa, akala kwa mkono mmoja, na kwa mkono mwingine akaivuta fomu. Alijaza jina huku anatafuna. Akajaza mwaka wa kuzaliwa. Penye jina la mzazi au mlezi akaandika la mama yake mdogo bila kuuliza. Palipoandikwa elimu ya awali, famasia, akasita kidogo tu, kisha akachora kistari cha hakuna.

Msajili alikuwa anamtazama tu. Kifuani palikuwa pameanza kumuuma sasa, maumivu ya kweli, yanapanda taratibu kama mguu uliokaliwa vibaya unapoanza kupata damu. Hayo yalikuwa ya kwake, na hakuna fomu ya kuyajaza.

Kidonge alifika mwisho wa ukurasa, akatia sahihi yake ndogo ya duara, akanyanyua kichwa. "Leo tarehe ngapi, Mama Mdogo?"

Haikumjia. Yeye wa kuulizwa hivyo, haikumjia kabisa. Akafungua mkoba, akaitoa ile nakala ya hati ya mapokezi, akaisogeza kwenye mwanga mpaka muhuri ukasomeka, akamtajia.